Usimuite Kanyere

Nilikwenda Butembo kuchukua uniforme. Hiyo tu. Kama mutu anakuambia ku Beni kwamba miye Agar nilikwenda kutafuta dawa kwa balozi, bale banaroga batu, umuambie anasema bongo, uongo mutupu, na kama iko na nguvu akuje aniambie miye mwenyewe mu uso. Nilikwenda kuchukua uniforme ya mutoto, na chumvi na sabuni ya kuuzisha ku soko ya Beu, kwetu Beni, kisha nirudi.

Ilikuwa septembre 2002. Vita ilikuwa imegawa inchi vipande-vipande, kila kipande na basoda yake. Barabara ya Butembo na Beni ilikuwa inafunguka siku moja, inafungwa siku mbili. Mais masomo ilikuwa inaanza lundi, siku ya kwanza, na mutoto yangu hakukuwa na nguo.

Mutoto ni Keren. Alikuwa na miaka kenda. Bengine balinifia badogo, ni yeye tu nilibakia naye. Kwetu Banande mutoto anapata kwanza jina ya kufuatana na kuzaliwa kwake, kisha ile ya batizo. Donc yeye alikuwa Kanyere Keren. Na Kanyere ni mingi! Simama mu soko ya Beu uite "Kanyere!", utaona bamama na batoto banageuka pande zote. Keren ilikuwa jina ya ku kanisa na ya ku masomo. Mu nyumba nilikuwa namuita Kanyere, kama vile mama yangu alikuwa anaita batoto yake.

Papa yake, Siméon, alikufa mwaka moja mbele ya ile septembre, mu shimo ya zahabu kule Manguredjipa. Baliniletea mukaba yake tu. Siku aliondoka tulikuwa tumegombana. Miye niko na mudomo, kila mutu anajua. Nilimuambia: "Enda basi! Enda ukule ile zahabu yako!"

Akaenda.

Uniforme ilishonwa na Ananie, rafiki ya Siméon, mutu wa maneno kidogo, mwenye alikuwa anakaa na mashini yake ku baraza moja karibu na soko ya Butembo. Alinipatia jupe, sketi ya bleu, na chemise nyeupe. Nikaangalia chemise. Nikaangalia tena.

"Ananie, hii ni nini?"

"Bouton ya kufungia."

"Naona ni bouton. Juu ya nini iko nyekundu?"

"Nyeupe ziliisha, Mama Keren. Magari ya Uganda haikuye. Ilibakia hii moja, nikaitia ku shingo."

"Sasa mutoto yangu anaenda ku masomo kama taa ya nyuma ya camion!"

Keren akacheka mupaka akakaa chini. Alipenda ile bouton. Alivaa uniforme palepale, akakatala kuivua, nami nikaacha, juu tulikuwa tunachelewa.

Ananie hakucheka. Alinikaribia. Alikuwa na harufu ya mafuta ya mashini.

"Munarudi leo?"

"Leo."

Akaongea chini-chini, macho yake ku nguo.

"Mu njia ya Beni, nyuma ya kupita Kabasha, kuko kona ya miti ya karatusi. Kama munafika pale wakati jua inaingia... usimuite mutoto kwa jina ya kuzaliwa. Umuite Keren."

"Juu ya nini?"

"Pale pamechakaa."

"Aka! Ananie, miye niko Protestant. Ile mambo uambie bapagano."

Akarudia mashini yake. Nilisikia miguu yake ikikanyaga, taka-taka-taka, mupaka tulipopita kona.

*

Camion ikafa mbele ya kufika Kabasha. Pneu ilipasuka. Dereva akasema tushuke, tungoje kesho. Kungoja basoda batukute pale na chumvi yetu? Tulikuwa batu saba. Tukabeba bitu yetu, tukatembea, tukapita Kabasha.

Jua ilikuwa inaingia. Keren alikuwa anaimba wimbo ya masomo, anaruka ile mashimo ya maji juu asichafue jupe. Niliona miti ya karatusi mbele, mirefu, myeupe. Nikakumbuka Ananie. Nikacheka peke yangu.

Kisha ukungu ikatoka chini, mu bonde.

Haikuya na baridi. Ilikuya na harufu... ya mahindi yenye kuungua. Na ndege zikanyamaza. Zote, mara moja. Hata miguu yetu sikuisikia tena mu matope. Mama moja mwenye alikuwa mbele akasimama, akasema: "Munasikia?"

Hatukusikia kitu. Ni hiyo alikuwa anauliza.

Ta! Ta-ta-ta!

Masasi. Karibu. Mutu akapiga kelele "Basoda!" na kila mutu akakimbia upande yake. Mukono ya mutoto ilikuwa mu mukono yangu. Nikaanguka. Chumvi ikamwangika. Nikasimama.

Mukono haikuwa tena.

Ndugu yangu, weye ungefanya nini? Ungekumbuka mushonaji? Mudomo yangu ilifanya kile ilizoea kufanya.

"Kanyere! Kanyere weee!"

Sauti yangu ikarudi. Nikafikiri ni milima inajibu. Mais milima inarudisha maneno, hairudishe kulia. Ile sauti ilikuwa inalia, na miye nilikuwa bado sijaanza kulia. Ilikuwa sauti yangu kabisa, mu ukungu, hatua makumi mbili hivi.

"Kanyere! Kanyere weee!"

Kisha ingine, mbali zaidi. Kisha ingine nyuma ya ile. Zote zangu. Zote zinaita Kanyere.

Miguu ya mutoto ikapita mbio karibu yangu. Sikuona kitu. Kisha miguu ingine ikakuja upande mwengine, na mukono mudogo ikaingia mu mukono yangu, ya moto, yenye jasho.

"Niko hapa, mama."

Nilimuvuta. Tulikimbia mupaka ukungu ikabakia nyuma. Tukapata nyumba ya batu bazuri ku barabara, bakatufungulia, bakawasha taa. Nikamukamata mutoto mabega nione kama masasi haikumugusa.

Uso ni yake. Meno ni yake. Uniforme ni ile, na matope ku jupe.

Bouton zote zilikuwa nyeupe.

Nikahesabu. Tano. Zote nyeupe. Nikavuta mukono ya kushoto ya chemise. Keren alijimwangia chai ya moto akiwa na miaka mbili, alama ilibakia pale, kama jani. Ngozi ilikuwa safi.

Mutoto akaangalia nyuma yangu, ku mulango.

"Mama, papa iko wapi? Alikuwa mbele yetu na baiskeli, ile kinga yake."

Nilipata kiti, nikakaa. Papa mwenye kupanda kinga! Papa mwenye alikuwa na mwaka moja mu udongo wa Manguredjipa.

*

Ningemufukuza? Alikuwa mutoto. Nilimupeleka kwangu Beu.

Na alikuwa mutoto muzuri, ile ndiyo ilikuwa inanichoma. Alijua fasi ya sahani, pahali naziweka. Alijua namna napenda sombe, majani ya muhogo ya kutwanga. Kila mangaribi alipanga sahani tatu, kisha alikaa ku mulango kungojea kinga ya papa yake. Siku ya ine nikamuuliza.

"Jina yako ya batizo ni nani?"

Akaniangalia kama ninamuchekelea.

"Mariette."

Mariette! Nilikumbuka. Siméon alikuwa mu-Catholique, alitaka mutoto aitwe Mariette, jina ya dada yake. Tuligombana siku tatu juu ya ile jina. Nilimushinda.

"Na papa yako... hakuendaka Manguredjipa?"

"Alitaka kwenda. Mama, weye ulikamata mukaba yake, ukakalia. Ukasema bila mukaba hawezi kwenda fasi. Unakumbuka?" Akacheka kidogo. "Papa alicheka, akabakia."

Nilitoka inje. Nililia nyuma ya choo, juu batu basinisikie. Kumbe ilikuwa kazi mudogo vile. Kukalia mukaba. Fasi moja kuko Agar mwenye alikalia mukaba, na bwana yake anapanda kinga.

Niseme ukweli yote. Siku zile nilifikiri: bon, Keren yangu iko kule. Iko na papa yake. Anakula naye. Kuko siku mbili nilijidanganya na ile, nikalala. Kisha nilikuwa naona ile Agar mwengine anamuvua chemise mutoto yangu, anaona alama ya chai, anaona bouton nyekundu. Niko na mudomo miye. Yeye pia iko nayo. Atamuambia nini mutoto yangu?

Jirani yangu, Mama Kahongya, alikuya na kikapo tupu, kama mutu anaomba chumvi.

"Mama Keren, huyu mutoto..." Akanong'ona. "Anajiita jina ingine. Aliambia batoto yangu papa yake atakuya leo. Papa mwenye kufa! Unajua ile inaitwa namna gani."

"Inaitwa namna gani, Mama Kahongya? Sema."

Akakamata kikapo yake, akaenda. Mais mangaribi yenye ilifuata, nilikuta kwa mulango yangu bijana bane. Moja alikuwa na bidon ya petroli. Hakuwa na taa ya kuwasha nayo, ndugu yangu. Bidon tu. Balikuwa banaangalia kama mulozi Mariette mwenye alikuwa anapanga sahani tatu.

Nilibafukuza na muchi ya kutwangia. Balikwenda banacheka. Na miye nikajua kwamba batarudi.

*

Kesho yake nilimukamata mutoto mukono, tukapanda camion ya kwanza kwenda Butembo.

Ananie alituona kutoka mbali. Aliangalia shingo ya mutoto, bouton nyeupe. Akaacha mashini.

"Ulimuita."

"Nilimuita. Sasa uniambie."

Akatuma Mariette akanunue mandazi. Akakamata kikwembe, kitenge ya maua yenye ilikunjwa mara sita, akaiweka ku meza.

"Unaona maua? Kila kipande iko na yake, sawasawa, moja juu ya ingine. Dunia ni vile. Iko Butembo, na chini yake kuko Butembo. Iko Agar, na chini yake kuko Agar. Sawasawa, ila hapa na pale mushonaji anakosa bouton."

"Miye sikuuliza kikwembe."

"Ungoje." Alichukua koti ya zamani ya mutu, ya kutengeneza, akanionyesha fasi ya kiwiko. Akaweka kidole. Kidole ikapita. "Ukisugua fasi moja kila siku, uzi inakatika. Tangu vita ya kwanza batu banakimbilia pale ku kona. Banaanguka pale. Banaita batoto yao pale. Pamechakaa, Mama Keren. Na unapoita jina ya kuzaliwa, unaita maua yote mara moja. Kanyere gani utapata? Mwenye iko karibu."

"Na weye ulijua namna gani?"

Akafunga koti, akaifungua tena.

"Siméon alikuwa na rafiki anaitwa Ananie. Alikuwa mutu wa kucheka sana, hapana?"

Nikafikiri. Ni kweli. Ananie wa zamani alikuwa anacheka mupaka kanisa inamugeukia.

"Ule Ananie alipita pale mwaka wa 98, mangaribi, mutu akamuita jina ya kuzaliwa. Miye nilikuwa upande ya kule, nami baliniita." Alisema chini kabisa. "Kwangu ile soko yote iliungua. Miye si Ananie yenu."

"Na bibi yako? Anajua?"

"Anajua. Ananipikia. Hatuongee."

Mariette alikuwa anarudi na mandazi. Nikamukamata Ananie mukono.

"Niambie namna ya kumurudisha."

"Hapana. Usiite tena."

"Nitamuita kwa batizo. Keren. Huyu ni Mariette, yeye atabakia na jina yake, atarudi kwa papa yake. Kila mutu anapata yake. Si vile?"

"Weye unafikiri ni weye moja tu mwenye aliita Keren mutoto yake? Maua ni mingi, Mama. Kila Agar iko na akili kama yako. Kila moja anarudi pale na anaita."

Ningemusikia. Yesu wangu, ningemusikia. Mais nilikuwa nimekwisha kufunga kitambaa yangu ku kichwa, tayari kwenda.

*

Tulifika ku kona jua ikiingia. Nilikuwa nimemuambia Mariette mambo yote mu njia. Hakulia. Alisema tu: "Donc papa ananitafuta." Kisha akaniuliza kama miye nitabakia peke yangu, nikamufunga bouton ya shingo.

Ukungu ikatoka mu bonde. Mahindi yenye kuungua. Ndege zikanyamaza.

"Aksanti, mama ya huku," akasema Mariette.

Na palepale, mu ukungu, sauti ya mwanaume.

"Mariette! Mariettee!"

Ile sauti sikuisikia tangu siku alienda Manguredjipa. Siméon. Bwana yangu, muzima, hatua makumi mbili. Ningekimbia. Mukono ya Mariette ikatoka mu yangu, miguu yake ikakimbia mbele, "Papa! Niko hapa!", kisha miguu haikusikika tena. Nikabakia miye na ukungu.

"Keren!" nikaita. "Keren weee! Keren!"

"Keren!" ikaita ingine, ya kwangu.

"Keren!" Ingine.

Nilinyoosha mukono. Nikangoja. Nikaomba Baba Yetu na machozi.

Mukono ikakuja. Baridi. Mifupa mitupu.

Hakusema "niko hapa".

Nilijua mbele ya kumuangalia. Mama anajua. Nilimubeba mupaka ku barabara, fasi jua ilikuwa bado na mwangaza kidogo. Alikuwa na uso ya Keren, mais nyembamba, na nywele zimekatwa na kisu. Hakuvaa uniforme. Alivaa shati ya basoda, imemufika ku magoti. Alama ya chai ilikuwa pale. Ku mukono ya kuume.

Nikakaa chini ku barabara, nikalia kwa nguvu, bila haya, mupaka mutu wa kinga akasimama kuuliza nani amekufa.

*

Huyu haongee. Siku tisa hakusema neno. Anakula chini ya kitanda. Mukono yake moja ilikuwa imefungwa ngumi, usiku na mchana, na nikijaribu kuifungua ananiuma.

Siku ya kumi nilikuwa namuogesha na maji ya moto. Nilikuwa namusemesha tu, maneno ya bure, namna unasemesha mutoto muchanga. Ngumi ikafunguka peke yake.

Bouton nyekundu.

Uzi ya Ananie ilikuwa bado inaning'inia.

"Ulitoa wapi? Weye! Ulitoa wapi hii?"

Akafungua mudomo. Sauti yake ilikuwa ya mutu mwenye kusahau namna ya kuongea.

"Alinipatia."

"Nani?"

"Ule wa chemise nyeupe, mwenye alikuwa nayo ku shingo. Mu ukungu. Tulipitana."

"Alikuwa anaenda wapi? Alifika kwa papa yake? Sema, mutoto, sema!"

Akatingisha kichwa.

"Hakufika kwa mutu. Iko batoto mingi mule ndani, mama. Banatembea. Mutu akiita, unatembea. Unakaribia... kisha mwengine anaita, unageuka." Alikuwa anaangalia maji. "Yeye amechoka. Miguu yake imepasuka. Alisema, kama nikitoka, nione mama mwenye kugombana juu ya bouton. Nimuambie asiite tena."

"Asiite?"

"Kila akiita, natembea. Ni vile alisema. Muambie mama anyamaze, niweze kukaa chini."

Nilimaliza kumuogesha. Nilimupangusa. Nilimuvalisha robe ya Keren. Sijui namna gani nilifanya ile kazi. Mariette alifika kwa papa yake? Sikumuuliza. Naogopa ile atanijibu.

Bouton niliishona ndani ya nguo yangu, hapa, fasi ya kifua.

Huyu mutoto sikumupatia jina. Hakuna yenye haina hatari. Namuita "weye". Na kila mangaribi, jua ikianza kuingia, nafunga kikwembe ku mudomo, nakaza mupaka meno inauma. Mama Kahongya anasema Agar amerukwa na akili. Aseme. Mudomo hii ilituma bwana yangu Manguredjipa. Mudomo hii ilimuweka mutoto yangu mu barabara yenye haina nyumba. Kazi moja tu ilibakia ambayo naweza kumufanyia Keren: kunyamaza. Nikinyamaza, anakaa chini. Anapumuzika.

Nilinyamaza miezi mitatu.

Kisha bakimbizi bakaanza kupita Beu. Bengi, kutoka upande ya pori, na magodoro ku kichwa. Juma nzima. Mbele ya nyumba yangu kulikuwa tu vumbi na bamama benye kupoteza batoto. Banaanguka pale. Banaita pale, mbele ya mulango yangu, mangaribi kwa mangaribi. Nilikuwa nasikia na sikuwaza kitu, juu ile kona iko mbali, nyuma ya Kabasha, na Beu ni Beu.

Jana nilipika bugali na maharagi. Nilikuwa nimechoka. Jua ilikuwa bado haijaingia, kikwembe ilikuwa ku shingo, nilikuwa sijaifunga. Nikaepua chungu. Nikasikia harufu ya mahindi yenye kuungua, nikafikiri ni moto yangu. Nikaweka sahani mbili chini. Na mudomo ikafanya kile ilizoea.

"Kanyere, kuja kula."

Nilijifunika mudomo na mikono mbili.

Chini ya kitanda, huyu akaitika: "Niko hapa."

Nyuma ya ukuta, mutoto mwengine akaitika: "Niko hapa."

Kisha sauti mbali, mbali kabisa, kama mutu mwenye kuamushwa wakati alikuwa ndio amepata usingizi. Ni yeye, Keren yangu. Niliijua kati ya zote. Haikusema "niko hapa".

"Eh, mama..." ikasema.

Na nikasikia miguu yake inaanza tena kutembea.